Analipwa kuishika tarumbeta, si kuipuliza

Saa kumi jioni ukumbi umejaa nusu, na Mzee Pumzi anasimama. Anainua tarumbeta, anafumba macho, anavimbisha mashavu mpaka yanakuwa kama maputo mawili. Vidole vitatu vya mkono wa kulia vinacheza juu ya vifungo. Sauti inapanda, inang'ara, inakaa juu bila kutetemeka, kisha inashuka taratibu kama mtu anayeteremka ngazi huku ameshika mkono wa mgonjwa.

Mama mmoja aliyevaa gauni la kijani anaacha kucheza, anampigia makofi. Mzee Pumzi anainamisha kichwa kidogo kumshukuru.

Hajapuliza kitu. Ndani ya koo la tarumbeta yake kumesukumwa sponji, lile lile la kuoshea vyombo, tena limesukumwa likasukumika. Sauti inatoka kwenye spika zilizo nyuma ya mgongo wake, na inayoitoa ni mikono ya kijana anayepiga kinanda, ambaye wenzake wanamwita Vidole. Akibonyeza, tarumbeta inalia. Akiachia, inanyamaza.

Na sauti hiyo, ukitaka kujua kinachomla huyu mzee kila Jumamosi, ni sauti yake mwenyewe.

"Mashavu, baba mdogo! Mashavu!" kiongozi wa bendi anamnong'oneza akipita na fimbo yake ya kuongozea. "Watu wanataka kuona mashavu."

Mpiga tarumbeta aliyefundishwa akafundishika havimbishi mashavu. Ni jambo la kwanza mwanafunzi analochapiwa. Hewa inatoka tumboni, mashavu yanatulia, midomo ndiyo inayofanya kazi. Mzee Pumzi alilijua hilo kabla hajaota ndevu. Anavimbisha.

Ana miaka sitini na miwili. Ni mwembamba, mrefu, na katikati ya mdomo wa juu ana alama ya mviringo, ngumu kama sugu ya kidole cha fundi viatu. Hapo ndipo tarumbeta ilipokaa maisha yake yote. Mkewe anasema hata akilala usingizi wa kufa mdomo huo haulegei.

"Mume wangu," anasema mke, mwanamke mnene mwenye kicheko cha karibu, "ndiye mfanyakazi pekee ninayemjua anayelipwa ili asifanye kazi yake. Akiifanya, anafukuzwa."

Mambo hayakuanza hivyo.

Baba yake alikuwa mfungaji mizigo katika kiwanda cha sabuni, na kiwanda kilikuwa na bendi ya matarumbeta kwa ajili ya wafanyakazi. Mtoto aliazimwa chombo kilichopinda, akakirudia kila siku mpaka majirani wakaja kwa baba kuuliza kama nyumbani kuna mgonjwa. Alipofika miaka ishirini na miwili, kiongozi wa bendi kubwa kuliko zote mjini alimsikia, akamwambia neno moja tu: "Njoo."

Ilikuwa bendi ya jazi ya watu kumi na saba. Mbele saksafoni tano. Nyuma yao tromboni nne. Juu kabisa, kwenye jukwaa la mbao lililokuwa likilia wakikanyaga, safu ya tarumbeta nne. Pembeni kinanda, gitaa, besi na ngoma. Walipoanza wote kwa pamoja, anasema, magauni ya wanawake waliokaa meza za mbele yalikuwa yakitikisika, "na upepo haupo."

Safu ya tarumbeta ilikuwa na desturi yake. Anayekaa kiti cha kwanza ndiye anayevuta pumzi kwa niaba ya wote. Hahesabu, hapungi mkono, hasemi. Anavuta tu, na wale watatu wanavuta naye. Anaachia, nao wanaachia. Ukikaa nao mwaka mmoja, unajua mwenzako amelala vipi na amegombana na nani, kwa jinsi anavyovuta pumzi.

Alianzia kiti cha nne, akapanda. Kiti cha kwanza alikikalia alipokuwa na miaka thelathini, na hapo ndipo mashabiki walipompa jina. Katika wimbo wa kufunga dansi alikuwa akishika sauti moja ya juu na kuikalia, bendi nzima ikizunguka chini yake, mpaka wacheza dansi wanaacha kucheza na kuanza kupiga kelele: "Pumzi! Pumzi! Mwacheni avute!"

"Hakuna ulevi kama ule," anasema. Anatazama mikono yake. "Na mimi nilikuwa sinywi."

Kiongozi mzee alipofariki, bendi ikashikwa na mwanawe. Huyu alikuwa amekulia mapajani kwa wanamuziki wa baba yake. Mzee Pumzi alikuwa akimwita "mwanangu", naye akimwita "baba mdogo". Siku moja akaja nyumbani na mfuko wa matunda na habari njema.

"Baba mdogo, tunataka kuihifadhi sauti yako. Usije ukaondoka nayo."

Mke anaikumbuka siku hiyo vizuri. "Aliposema 'kuhifadhi', mume wangu alikaa wima kama anayepigwa picha. Mimi nikauliza: kuihifadhi wapi? Wakanitazama wote wawili kama mtu aliyeingia chumba kisicho chake."

Alikuwa na miaka arobaini na mmoja, midomo yake ikiwa kwenye ubora wake. Mke alimpigia pasi suti. Suti, kwenda kuingia kwenye chumba kisicho na dirisha ambako hamna wa kumwona isipokuwa fundi mitambo! Huko hakutakiwa kupiga wimbo. Alitakiwa kupiga sauti moja moja, kutoka ya chini kabisa hadi ya juu kabisa. Kila moja kwa nguvu, kisha kwa upole, kisha fupi, kisha ndefu mpaka pumzi iishe.

Na hapa ndipo alipofanya kosa ambalo, anasema, mpiga gitaa asingelifanya, wala mpiga ngoma. Ni mpiga tarumbeta wa kiti cha kwanza tu anayeweza kulifanya.

Fundi mitambo alikuwa akisema, "Imetosha, mzee, nzuri hiyo." Yeye akikataa.

"Nilikuwa nasikia mkwaruzo mdogo mwanzoni, wa nywele moja tu. Namwambia futa. Ananiambia hausikiki. Namwambia mimi nausikia, futa. Tunarudia. Yule fundi alitaka kwenda nyumbani kwa watoto wake, mimi nikamshikilia. Nilirudia zile za juu mpaka mdomo ukatoa damu." Anacheka, kicheko kisichofika machoni. "Kiti cha kwanza hakiachi sauti mbovu nyuma yake. Ningekuwa mvivu, leo ningekuwa na kazi."

Mpiga tromboni mmoja aliyeitwa Bomba alimwonya mapema. Walikuwa wamekaa nyuma ya ukumbi, kila mmoja akikausha chombo chake.

"Wewe Pumzi, wanakupima."

"Wananipima nini?"

"Ukienda kwa fundi anakupima mabega, si anashona nguo? Haya. Hawa wanakupima sauti. Wanamshonea nani?"

"Wivu huo, Bomba. Hawajakuita wewe."

"Hawajaniita, na nashukuru."

Lakini Bomba naye aliitwa, mwezi uliofuata. Akakataa. Wakamchukua mpiga tromboni wa bendi nyingine, akaenda mbio.

Kabla mwaka haujaisha, kiongozi aliwaita wote kwenye chumba cha kubadilishia nguo. Hakukaa. Alizungumza huku ameshika kitasa cha mlango. Safu ya tarumbeta na safu ya tromboni zingepumzika "kwa muda". Watu wanane walifungasha vyombo vyao. Mpiga tarumbeta wa kiti cha nne, aliyekuwa na mke mjamzito, alimuuliza Mzee Pumzi swali moja tu walipofika mlangoni: "Kaka, zile sauti za chini nazo uliwapigia?"

"Nikamwambia, zote."

Malipo ya kuhifadhiwa sauti alilipwa mara moja tu, ikaisha. Yalinunua jokofu. Jokofu lenyewe lilikufa zamani, sasa ni kabati la viatu. Vinanda vimebadilishwa mara kadhaa tangu hapo, kila kipya kinapoingia sauti inahamishwa, kama mpangaji anayehamishwa na godoro lake, na kila Jumamosi inalia kama ilivyolia siku ile ya suti.

Miaka iliyofuata alikuwa mlinzi wa geti kwenye ghala la vifaa vya ujenzi. Tarumbeta alikuwa ameiweka rehani, akaikomboa, akaiweka tena. Kilichobaki mfukoni kilikuwa kidomo, kile kipande kidogo cha shaba kinachogusa midomo. Malori yakiwa hayaji, alikuwa akikipuliza hicho peke yake. Kinatoa mlio wa nzi aliyenaswa kwenye chupa. Madereva wakampachika jina jingine, Mzee Nzi, na yeye akaitika.

Miaka mitatu iliyopita kiongozi alimtafuta. Wateja walikuwa wameanza kulalamika. Mtu analipia bendi kubwa ya jazi, anasikia matarumbeta, akigeuka jukwaani anaona vijana sita na waya. Walitaka kuona shaba iking'aa.

Kiongozi mwenyewe hana haya kulisema hilo. Ofisi yake iko juu ya ukumbi. Ukutani kuna picha kubwa ya baba yake na wale kumi na saba.

"Wananiona mnyama," anasema. "Lakini mteja akipiga simu, swali la kwanza ni moja: mko wangapi? Nikisema kumi na saba, anakata. Nikisema saba, tunaongea. Baba aliishi wakati ambao kumi na saba walikula. Mimi ningeshikilia wale kumi na saba, leo hata hawa saba wasingekuwepo. Na baba mdogo nimemrudisha mimi. Nani mwingine alikwenda kumtoa getini?"

Anauliza kwa sauti ya mtu anayetaka kujibiwa. Kisha anaongeza, chini kidogo: "Sauti yake ndiyo imesomesha watoto wangu. Hilo najua."

Mzee Pumzi alipoambiwa arudi jukwaani hakuuliza la pili. Alipoambiwa arudi kufanya nini, alikuwa ameshakubali.

Wiki za kwanza zilikuwa za aibu tupu. Mwili wa mpiga tarumbeta una akili yake. Sentensi ya muziki ikifika mwisho, chombo kinashuka chenyewe na kifua kinavuta hewa. Lakini Vidole hana mapafu kwenye mikono. Alikuwa akiendelea kubonyeza. Basi mzee ameshusha tarumbeta, anavuta pumzi, na tarumbeta inaendelea kulia ukumbini bila mwenyewe. Mtu akairekodi kwa simu. Mjukuu wake akaiona shuleni.

"Babu, unafanyaje ile? Unapiga huku umeshusha!"

"Ni utaalamu, mjukuu wangu."

"Wenzangu wamesema wewe mchawi."

"Waambie ndiyo."

Tangu hapo kiongozi alimpa amri: asiufuate wimbo, afuate kidole. Sasa anapopiga, au anapofanya hicho anachofanya, jicho la kushoto liko wazi kidogo, limeganda kwenye mkono wa Vidole. Mtu aliyekuwa akivuta pumzi kwa niaba ya safu nzima sasa anangoja kijana wa miaka ishirini na sita amruhusu avute yake.

Vidole si mtu mbaya. Anamwamkia kila siku, anambebea mfuko. "Shikamoo mzee, leo nakupigia wewe au mimi?" humtania. Mzee Pumzi huitikia marahaba na kumwambia asiharakishe kule kati, maana yeye hakuwahi kuharakisha pale.

Siku moja mwaka jana hakuvumilia.

Ilikuwa sherehe ya kampuni, mchana, watu wengi wenye beji shingoni. Ulipokaribia wimbo wa kufunga, ule uliompa jina, aliinama kama anayefunga kamba ya kiatu. Alitia vidole ndani ya koo la tarumbeta, akalitoa sponji. Akasimama. Akavuta pumzi kutoka tumboni, mashavu yakatulia, na mara ya kwanza baada ya miaka mingi akaipuliza ile sauti ya juu mbele ya watu.

Sauti mbili zikakutana hewani. Ya spika ilikuwa safi, imenyooka, haina mkwaruzo hata wa nywele moja. Ya kwake ilifika juu, ikatetemeka, ikapasuka katikati. Akasukuma. Ikazidi kupasuka, chini kidogo ya ile nyingine, kiasi cha kuumiza meno.

Hakuna aliyegeuka kumtazama. Watu walitazama spika. Fundi mitambo wa ukumbi alitoka mbio kwenye meza yake, akapiga magoti, akaanza kuchezesha nyaya moja moja, akitafuta ni ipi imeharibika.

Mzee Pumzi akashusha chombo. Spika zikamaliza wimbo wake.

Katika chumba cha kubadilishia nguo kiongozi hakufoka. Ingekuwa afadhali angefoka.

"Baba mdogo, ulikuwa unashindana na nani? Yule ni wewe."

"Yule si mimi. Yule ana miaka arobaini na mmoja."

"Basi muache apige yeye."

Wiki mbili hakuitwa. Ya tatu akaitwa, na sponji likasukumwa na kiongozi mwenyewe, kwa kidole gumba, mpaka ndani kabisa.

Bomba, yule mpiga tromboni, siku hizi anauza rangi za nyumba katika duka la mkwewe. Mikono yake ina madoa ya bluu yasiyotoka. Ukimtajia jina la Pumzi, anaendelea kufunga kopo kwanza.

"Simlaumu," anasema. Anapiga kifuniko kwa nyundo ya mpira. "Au namlaumu. Inategemea nimeamkaje. Wanane tulikuwa na watoto. Lakini nikimwona amesimama pale amefura kama chura, nasema hapana, huyu ameshalipa. Sisi tulifukuzwa tukaenda zetu. Yeye kila wiki anafukuzwa, na anatakiwa atabasamu."

Walikutana mwaka huu kwenye foleni ya kliniki ya macho. Walikaa benchi moja kwa saa nzima. Bomba ndiye aliyeanza.

"Bado una mdomo?"

"Upo."

"Mimi wangu umekuwa wa kulia chakula tu."

Hayo ndiyo waliyozungumza. Mke wa Mzee Pumzi anasema siku hiyo alirudi nyumbani akala vizuri.

Kila asubuhi, mke akishafagia, mzee anaingia chumbani na kufungua kabati la nguo. Anaingiza koo la tarumbeta katikati ya magauni, anayabana kwa mabega, na anapuliza. Nguo zinameza sauti. Mpangaji wa chumba cha pili, anayefanya kazi za usiku, halalamiki. Anaanza na sauti ndefu za chini. Kisha anapanda, polepole, mpaka pale inapopasukia. Anakaa hapo. Anapuliza, inapasuka, anapumzika, anapuliza. Magauni ya mkewe yananuka mafuta ya kulainishia vifungo vya tarumbeta, na mkewe ameacha kulalamika.

"Nilimuuliza, unafanya mazoezi ya nini?" anasema mke. "Ya kuvimbisha mashavu? Hayo hata mimi naweza."

Ni swali ambalo wengi wangemuuliza. Midomo ya mtu wa umri wake haiwi midomo ya arobaini na mmoja, hata akipuliza mpaka ukuta uanguke. Yeye mwenyewe analijua hilo kuliko daktari. Ile sauti safi hataipata tena. Imeshachukuliwa, na haizeeki.

Anafuta kidomo kwa shati, anakitazama upande wa mwanga. Mwezi huu, anasema, sauti ya juu imeanza kukaa. Si safi. Ina mkwaruzo, ina kutu, lakini inakaa, na inakaa muda mrefu zaidi kila wiki. Ikiwa peke yake, bila ile nyingine pembeni ya kuipimia, inaweza kusikika kama sauti ya mtu.

Ndiyo maana ana mpango mmoja tu, na hauhitaji ruhusa ya kiongozi wala mkono wa Vidole. Anausema taratibu, kama mtu anayehofia kusikiwa na ukuta.

"Siku moja umeme utakatika. Ukumbi umejaa, wimbo wa kufunga uko katikati, na unakatika. Spika zinakufa, kinanda kinakufa, na yule kijana wa miaka arobaini na mmoja ananyamaza. Hapo watu wote watatazama jukwaani, na mwenye kitu cha kupuliza nitakuwa mimi tu."

"Ukumbi una jenereta," mkewe anamkumbusha kutoka uani.

"Najua lina jenereta hilo jumba. Na anayeliwasha namjua. Hukaa nje anaongea na simu. Mpaka ashtuke, mpaka alifikie, mpaka limkubalie kuwaka…" Anainua mkono kuonyesha muda wote huo, na mkono unabaki juu. "Mimi nitakuwa nimeshamaliza."